Kwa Watakaouchagua Wimbo wa Kenya: Barua ya Wazi kutoka Kitale

Waheshimiwa,

Ninyi nyote ambao kwa cheo au kwa kuteuliwa mmekabidhiwa amana ya kuamua ni wimbo gani utakaovuka mipaka kwa jina la Kenya, naomba ruhusa ya kuwaandikia hadharani, kwa kuwa nitakalolisema si siri wala si langu peke yangu, bali ni la watu wengi wa Kitale na Bungoma ambao huimba shambani, kanisani, arusini na matangani, na ambao wangependa siku moja waulizwe nchi yao iimbe nini mbele ya walimwengu.

Tarehe 20 Septemba 2025, katika ukumbi wa Live Arena ulio nje kidogo ya jiji la Moscow, Bibi Sanaipei Tande alipanda jukwaani kuiwakilisha Kenya katika mashindano ya Intervision kwa wimbo uitwao "Flavour". Nchi 23 zilikuwa zimetangazwa, nasi Waafrika tulikuwa na wenzetu wa Misri, Ethiopia, Madagaska na Afrika Kusini; lakini saa za mwisho msanii aliyekuwa ameandaliwa kuimba kwa niaba ya Marekani, Vassy, hakutokea jukwaani, na Shaman, mwimbaji wa wenyeji wenyewe, aliomba asipewe alama. Ushindi ukaenda kwa kijana wa Vietnam, Đức Phúc, pamoja na tuzo ya rubli milioni 30. Ya pili ikawa Kirigizistani, ya tatu Qatar. Na kabla ya taa kuzimwa ikatangazwa kwamba zamu ijayo ya kuyaandaa mashindano hayo ni ya Saudi Arabia.

Najua yatasemwa mengi juu ya siasa ya mashindano haya, na sitaki kujifanya siioni. Intervision si mtoto wa jana: ilianza katika Chekoslovakia mwaka 1965, ikafufuliwa mjini Sopot, Poland, kati ya 1977 na 1980, ikiwa jibu la nchi za mashariki ya Ulaya kwa Eurovision ya magharibi, kisha ikalala usingizi mrefu, na aliyeiamsha mwaka 2025 ni Rais wa Urusi kwa amri yake mwenyewe, baada ya nchi yake kutolewa katika Eurovision mwaka 2022 kwa sababu ya vita vya Ukraine. Mgeni anayealikwa karamuni hana budi kujua amealikwa kwa nini, na wanasiasa wetu watajibu wenyewe kama mwaliko ule ulistahili kukubaliwa. Mimi nauzungumzia wimbo, maana ukishakubaliwa mwaliko, iwe wa Moscow, wa Riyadh au wa kwingineko, wimbo ndio unaobaki masikioni mwa watu baada ya hotuba zote kusahauliwa.

Wala asije mtu akadhani kuwa barua hii ni lawama kwa Bibi Sanaipei. Tangu alipotokea katika kundi la Sema, zao la mashindano ya Coca-Cola Popstars, hadi leo, binti huyu mzaliwa wa Mombasa ameifanya kazi ya kuimba kwa adabu na ustadi, akaongeza na uigizaji, na sauti yake ni miongoni mwa sauti chache nchini ambazo mtu huzitambua kabla jina halijatajwa. Kumpeleka mtu wa namna hiyo si kuiaibisha Kenya. Laiti angepelekwa akiwa na nchi nzima nyuma yake, ikiwa imeusikia wimbo wake kabla, imebishana juu yake, imeuimba katika matatu na kuutafutia dosari, mpaka siku ya safari ukawa umekwisha kuwa wake na wetu! Hapa Kitale wengi niliozungumza nao walipata habari za wimbo huo baada ya kuimbwa, kama mtu anavyopata habari za arusi ya ndugu yake kwa kuona picha.

Sasa tazameni aliyeshinda alishinda kwa nini. Katika mashindano yale hapakuwa na kura ya wasikilizaji majumbani. Alama zilitolewa na jopo la waamuzi kutoka nchi zilizoshiriki, watu waliokaa kitako kuzisikiliza nyimbo 22 kwa usiku mmoja, nyingi katika lugha wasizozielewa. Kwa mwamuzi wa namna hiyo, wimbo mzuri unaofanana na nyimbo nzuri nyingine ishirini ni wimbo uliopotea. Đức Phúc hakupeleka wimbo wa aina hiyo. Alipeleka "Phù Đổng Thiên Vương", wimbo uliosimama juu ya kisa cha kale ambacho kila mtoto wa Vietnam hukisikia kabla ya kujua kusoma: kisa cha mtoto Gióng wa kijiji cha Phù Đổng, aliyefika umri wa miaka mitatu bila kutamka neno, hata siku alipopita mjumbe wa mfalme akitafuta watu wa kuikinga nchi na adui, ndipo akafunua kinywa, akaomba farasi wa chuma, wanakijiji wakamchangia mchele, akala, akakua kuwa jitu, akapigana, na silaha yake ilipovunjika akang'oa mianzi ya kando ya njia akamalizia vita kwayo, kisha akapaa mbinguni asionekane tena. Muziki wake ulikuwa wa kisasa, na taa na mavazi vilikuwa vya kisasa. Kiini chake kilikuwa hadithi ya bibi kwa mjukuu. Waamuzi hawakuhitaji kujua Kivietnam ili watambue kuwa mbele yao amesimama mtu aliyetoka mahali fulani.

Nilipokisoma kisa hicho fikira zangu zilikwenda moja kwa moja Bungoma, kwa sababu Wabukusu wa huko nao wana shujaa wao, Mango. Husimuliwa kwamba zamani za kale palikuwa na nyoka mkubwa aliyekaa pangoni, akila watu na mifugo, na majirani waliokuwa wakitahiri wakiwadharau Wabukusu kwa kuwa hawakuwa wakitahiri tena. Mango, baada ya kufiwa na wapenzi wake kwa nyoka yule, akanoa upanga, akaingia pangoni nyoka akiwa ametoka, akamngoja gizani peke yake, na mnyama aliporudi na kuingiza kichwa, akakikata kwa pigo moja. Hapo akasema sasa na yeye atatahiriwa, maana hakuna tena wa kumwita mtoto. Na mila ile ikarudi, ndiyo inayofuatwa hadi hivi leo, kila Agosti ya mwaka wa shufwa, vijana wanapopita mitaa na vijiji wakicheza na kupiga kengele za chinyimba, wakiwaalika jamaa, mpaka alfajiri ile wanapotoka mtoni wamepakwa tope na wanaume wamewazunguka wakiimba. Basi niambieni, Waheshimiwa, kisa cha Mango kimepungukiwa na nini mbele ya kisa cha Gióng? Kina woga na ujasiri, kina dharau na heshima, kina pango na upanga. Na fauka ya hayo, kina muziki wake mwenyewe tayari, ambao haujapata kukatika.

Muziki huo mnaujua kwa mbali. Naomba niusogeze karibu kidogo. Mpiga litungu hukaa juu ya kigoda kifupi, ala yake ameiegemeza mwilini: bakuli la mti lililowambwa ngozi, mikono miwili ya mti imesimama juu yake na mti wa tatu umelala kuiunganisha, na nyuzi saba zikishuka kutoka kwenye mti ule wa juu hadi kwenye ngozi. Kila uzi umezungushwa juu ya kipande cha nguo kilichosokotwa mtini, na hapo ndipo penye siri ya fundi, kwa maana sauti ikilegea hasimamishi wimbo. Mkono mmoja unaendelea kupiga, wa pili unapanda ukakaza kile kitambaa, na mdomo unaendelea na habari za mtu anayesifiwa, nani kamzaa, nani kamkopesha ng'ombe, nani alimtoroka na kwa nini, na wasikilizaji wanacheka mahali pa kucheka bila kutambua kwamba kati ya ubeti na ubeti ala imerekebishwa. Pembeni kuna siilili, uzi wake ukilia kwa upinde kama mtu anayelalamika puani, na mbele yao watu wanacheza kamabeka, mabega yakitikisika na kiuno kimetulia. Wasike wa Musungu aliipiga litungu hata jina lake likawa halitengani nayo. Ala hii inajua kusimulia, na mashindano ya nyimbo, kwa kadiri nionavyo, ni mashindano ya kusimulia kwa dakika tatu au nne.

Najua mtu mmoja katika kikao chenu atakohoa na kusema kwamba mambo haya ni mazuri kwa makumbusho na kwa watalii, ila vijana wa dunia ya leo wanataka midundo ya leo. Nami nakubali kuhusu midundo, ila nakataa hayo mengine. Makumbusho yetu ya Kitale, ambayo asili yake ni mkusanyiko wa Kanali Stoneham wa mwaka 1926 na ambayo yalifunguliwa kwa umma mwaka 1974, yanafanya kazi ya maana ya kuhifadhi vitu. Wimbo hauhifadhiki kwa kutundikwa ukutani. Fauka ya hayo, muziki wa magharibi ya Kenya ulikwisha kusafiri zamani, bila kamati wala mwaliko. George Mukabi wa Kisa, aliyekufa mwaka 1963, alilipiga gitaa kwa mtindo wa omutibo, chupa ya soda ikigongwa pembeni kutoa mwendo, na vidole vyake vikifanya juu ya gitaa yale ambayo wazee walikuwa wakiyafanya juu ya nyuzi za kwao. Daudi Kabaka alitoa "Helule Helule" katika miaka ya 1960, na mwaka 1968 kundi la The Tremeloes la Uingereza likaurekodi, wakaucheza Waingereza ambao pengine hawakuweza kuionyesha Kenya kwenye ramani. Na huko Pwani, Them Mushrooms wa Mombasa walipotoa "Jambo Bwana", haikupita muda mrefu Boney M wakauchukua, mwaka 1983. Hakuna hata mmoja kati ya hawa aliyeulizwa kama wimbo wake ni wa kisasa vya kutosha.

Hapa hapana budi nigusie jambo la haki, ijapokuwa halipendezi kutajwa wakati wa furaha. Wimbo ukitoka nchini bila hati, hurudi na baba wengi. "Malaika" ulirekodiwa na Fadhili William, ukaimbwa na Miriam Makeba na kundi zima la waimbaji wa dunia, na ugomvi wa nani aliyeutunga haujakoma hata leo, ilhali waliodai kuutunga wamekwisha kwenda zao. Tunayo Katiba ambayo Ibara yake ya 11 inautambua utamaduni kuwa msingi wa taifa, na tunayo Sheria ya Kulinda Maarifa ya Jadi na Semi za Kitamaduni ya mwaka 2016, inayotaka jamii yenye mali iridhie kwanza kabla mali yake haijatumiwa na mwingine. Kwa hiyo mkija kwetu kutafuta wimbo, njooni na karatasi, na karatasi iandikwe kabla ya ndege kuruka.

Na tena, msije mkachukua kila mtakachokisikia. Sioyaye, wimbo wa kumtoa kijana mtoni, si wimbo wa kupambia jukwaa. Una saa yake, una watu wake na una mtu anayeimbiwa, na hata huku kwetu wazee hukunja uso wanapousikia katika mikutano ya siasa, ambako siku hizi umekuwa kama mali ya yeyote mwenye kipaza sauti. Mtunzi hodari hana haja ya kuunyakua. Atachukua kutoka kwake mwendo wa mwongozaji mmoja na waitikiaji wengi, ile hali ya sauti moja kupanda peke yake ikiwa na hofu kisha sauti mia zikaipokea, na juu ya msingi huo atajenga wimbo mpya usiomvunjia mtu heshima. Ni akina nani watakaomwambia ni wapi mpaka ulipo? Ni wazee wa Sang'alo, wa Chwele na wa Kimilili. Hawapatikani katika studio za Nairobi.

Mtaniuliza, basi njia ni ipi, na fedha zitatoka wapi? Njia ipo, na mmeijenga ninyi wenyewe. Tangu mwaka 1927 nchi hii ina Tamasha la Muziki la Kenya, ambamo watoto wa shule na wanafunzi wa vyuo hupanda kutoka kaunti ndogo hadi kaunti, kutoka kaunti hadi mkoa, hadi fainali za taifa na onyesho mbele ya Rais. Kuna jambo moja katika tamasha hilo ambalo nalistahi kuliko vikombe vyote: waamuzi husimama mbele ya hadhira, na kabla ya kutaja alama wakaeleza sababu, kwamba kwaya hii ilipanda sauti mapema, kwamba wachezaji wale walisahau kwamba wimbo wao ni wa kilio, kwamba mpiga ngoma alimfunika mwimbaji. Mwalimu aliyeshindwa huondoka na uchungu, lakini huondoka anajua. Nimewaona walimu wa Kiminini na wa Webuye wakiandika maneno ya waamuzi daftarini kama wanafunzi wao, na mwaka uliofuata wakarudi na kwaya nyingine kabisa.

Ninyi mkifanya vivyo hivyo kwa watunzi wakubwa, si kwa wanafunzi tu, mtakuwa mmefanya jambo ambalo halihitaji jengo jipya wala wizara mpya. Kitale pana uwanja wa maonyesho ya kilimo, Bungoma pana uwanja wa Masinde Muliro pale Kanduyi. Pana redio zinazosema na watu wa huku, West FM na Sulwe FM miongoni mwazo, ambazo zikipewa tangazo leo jioni, kesho asubuhi muuza mahindi wa Kitale na mchuuzi wa kuku wa Chwele watakuwa wanabishana ni nani anayefaa. Kitale yenyewe ni mji wa aina yake kwa jambo hili, maana mashamba ya walowezi yaliwavuta watu wa kila upande, na waliobaki na waliorudi baada ya uhuru wamekaa bega kwa bega, Mbukusu na Msabaoti, Mpokot na Mturkana, Mkikuyu na Mluo. Mtunzi aliyekulia hapa amezoea tangu utotoni kumwimbia mtu asiyejua lugha yake. Kuna shule gani bora zaidi ya kumwandaa mtu kuimba mbele ya waamuzi wa Hanoi, Bishkek na Doha?

Sisemi kwamba wimbo wa Kenya lazima utoke Bungoma. Pengine utatoka Lamu, kwa wenye gambusi na tarabu. Pengine Kisumu, pengine Wajir, pengine katika chumba cha kijana wa Kayole mwenye kompyuta moja na jirani wanaolalamikia kelele. Ninachosema ni kwamba usichaguliwe kabla ya mahali hapo pote kusikilizwa, na ukichaguliwa tuambiwe kwa nini. Mkitangaza sababu hata aliyeshindwa ataupigania wimbo wa mwenzake, na mkinyamaza hata wimbo mzuri utasafiri peke yake kama yatima, ukitegemea huruma ya wageni.

Wala msiogope kwamba mkiwashirikisha watu watawaletea kitu cha kishamba. Watu wa huku wana masikio makali. Nenda katika matanga ya Mbukusu mwenye heshima, siku ya kumuse, umsikilize msemaji akitembea mbele ya umati kwa saa nzima bila karatasi, akianza na asili ya ukoo na kushuka mpaka madeni ya marehemu, kisha uangalie nyuso za wazee: akikosea jina moja la babu, utaona vichwa vikigeukiana. Hadhira iliyolelewa hivyo haidanganyiki kwa moshi wa jukwaani na mavazi yanayong'aa. Itawaambieni kweli bila kuwalipisha ada ya ushauri.

Basi ombi langu ni hili. Kama wa kwenda Saudi Arabia mmekwisha kumteua, mtangazeni mapema pamoja na wimbo wake, tuusikie, tuuzoee na tumwombee. Na kwa zamu itakayofuata, tangazeni wito ulio wazi kwa kaunti zote 47, wekeni tarehe, tajeni waamuzi kwa majina yao, na wapeni idhini ya kusema sababu zao mbele ya watu. Mwaka huu wa 2026 ni mwaka wa shufwa, na Agosti vijana watakuwa njiani na chinyimba mikononi. Tumeni watu wenu Bungoma mwezi huo, watu wanaojua muziki na wasio na haraka ya kurudi, wakae wiki mbili, wasikilize kabla ya kurekodi, waombe idhini kabla ya kuandika. Mahali pa kulala hawatakosa, na wapiga litungu wenye kazi zao tutawaonyesha sisi wenyewe.

Nabaki wenu mtiifu,

Mpenzi wa muziki na mlipa kodi,
Kitale, Kaunti ya Trans Nzoia.